Sanduku la Makosa

Mandazi manne ya asubuhi ile yalifungwa kwa mguu niliouchora mimi.

Nilikuwa kwa Mama Nthenya, pale nje ya soko la Machakos, Mumo mgongoni na Mutheu amenishika sketi. Mama Nthenya akachomoa karatasi kwenye rundo, akaizungusha ikawa koni, akatia mandazi, akanipa. Kidole gumba changu kikatua juu ya kisigino. Nikakitazama. Mtu hujua mstari wake kama anavyojua kilio cha mtoto wake katikati ya watoto wengine. Mguu ule ulikuwa wangu, wa penseli nyeusi, na juu yake kulikuwa na mguu mwingine wa penseli ya buluu, umeinama zaidi, umekanyaga kwa uzito zaidi. Pembeni, kwa buluu ileile, maneno mawili yaliyoanza kulowa mafuta: Hajabeba kitu. Chini kabisa namba: 47.

"Mama Nthenya, hizi karatasi umetoa wapi?"

"Kwani ziko na sumu?"

"Umetoa wapi, mama?"

"Si kwa kituo chenu huko juu. Walileta marobota mawili, bure kabisa. Karatasi nzuri, nzito, hata mafuta haipitishi haraka. Mwambie meneja Mungu ambariki."

Nikamwomba zilizobaki. Zilikuwa kumi na tisa. Zingine zilikuwa zimeenda na wateja tangu Jumatatu. Nikampa Mutheu mandazi mawili, mengine nikayatia mfukoni mwa sweta hivyo hivyo, nikapanda kilima hadi kituoni na kuiweka ile namba 47 juu ya meza ya meneja.

"Mama Mutheu, karibu. Hii ni nini?"

"Wewe niambie."

Akaitazama, akaigeuza, akainusa. "Mandazi."

"Imetoka kwa sanduku la Mzee."

"Aa, lile la makosa." Akatabasamu kama mtu aliyekumbushwa jambo jema alilofanya. "Tulikuwa tunatafuta nafasi ya kompyuta. Hayo masanduku mengine kumi na mawili tutayamaliza mwisho wa mwezi. Hilo nilianza nalo kwa sababu hata halikuhitaji mkutano. Limeandikwa makosa, mama. Kwa rangi. Nani huweka makosa?"

Mtu huyu nilikuwa nimemvumilia miaka miwili. Alipoondoa meza zetu za taa, nilivumilia. Aliposema mtoto akilia kituoni anaharibu sura ya kituo, nilivumilia, nikawa namnyonyesha nje kando ya tangi la maji. Aliponiandikia barua kwamba kazi ya kuchora kwa mkono imefika mwisho, niliweka sahihi na nikamwambia asante, kwa sababu nilifunzwa adabu. Lakini kwa swali hilo nilisikia kitu kikikatika ndani yangu, kama kamba inavyokatika mtungi ukiwa umejaa. Nikapiga meza yake kwa kiganja. Mumo akaamka akaanza kulia, na nikamwacha alie.

"Makosa ndiyo shule," nikamwambia.

"Tulia, Mama Mutheu. Kuna wageni hapo nje."

Sikutulia, na bado sijatulia. Lakini nawaandikia nyinyi vijana mliobaki kituoni, mliokuja kufundishwa kuchora kwa kompyuta, na nyinyi hamna hatia. Mimi nimestaafu nikiwa na miaka ishirini na minane. Msicheke, ni barua ndiyo inasema nimestaafu. Mambo ya vyeo sitayaandika, hayakuwako. Nataka mjue nani alikaa kwenye chumba mnachokaa, ndipo mjue karatasi ya mandazi ni kitu gani.

Mzee Shimoda aliongoza filamu za kuchorwa kwao Japani karibu maisha yake yote. Alipofika umri wa kupumzika, badala ya kupumzika alikuja Machakos kutufundisha kutengeneza filamu za mafunzo, za maji na kilimo, za kuonyeshwa sokoni na makanisani. Mimi nilikuwa nimemaliza kidato cha nne mwaka uliotangulia na nilikuwa nyumbani nahesabu kuku. Nikasikia kituo kinatafuta vijana. Nilidhani ni kazi ya kupiga chapa.

Mlangoni kulikuwa na beseni, sabuni na jagi la maji. Mzee mwenyewe, kichwa cheupe, mwembamba kama ufito, ndiye alikuwa anatumwagilia maji mikononi mmoja mmoja. Tukanawa, tukaingia, tukakaa tukingoja chakula. Tulikuwa wengi, waliochukuliwa mwishowe ni kumi na mmoja. Chakula hakikuja. Baadaye ndipo tulijua kwamba kwake mtu hakugusa karatasi kabla ya kunawa, hata awe nani. Mkuu wa wilaya alikuja siku moja kutembelea kituo na alinawa pia.

Mtihani ulikuwa huu. Kila mmoja avuke chumba kutoka ukuta huu hadi ule, basi. Tukavuka, tukicheka. Kisha akatuuliza mmoja mmoja: yule aliyetangulia mbele yako, alianza na mguu gani? Watu wakatazamana. Ilipofika zamu yangu nikasema, "Wa kushoto. Na kiatu chake cha kulia kimeisha upande wa nje." Mzee akainama mpaka chini kumtazama viatu yule msichana aliyenitangulia, akasimama, akaandika jina langu. Ukweli ni kwamba nilikuwa nikivitazama viatu vile kwa wivu. Yule msichana alikuwa Syombua, na tangu siku hiyo alikuwa rafiki yangu, lakini hakuwahi kunisamehe hicho kiatu.

"Wewe ulipata kazi kwa kunitangazia umaskini," angeniambia.

"Si viatu vilikuwa vizuri? Nilisema vimeisha upande mmoja tu."

Hebu niwaeleze kazi, kwa sababu nyinyi kompyuta inawafanyia. Mzee alikuwa anachora mchoro wa kwanza, mathalani mguu uko chini, na mchoro wa mwisho, mguu uko juu. Sisi tulichora iliyo katikati. Sekunde moja ilikula michoro kumi na miwili. Karatasi ilikuwa na matundu matatu chini, unaivisha kwenye misumari mitatu ya meza ili isisogee. Meza yenyewe ina kioo, na taa chini yake, ndipo uone mchoro wa chini kupitia wa juu. Unashika karatasi tano kati ya vidole vitano vya mkono wa kushoto na kuzipindapinda, na mguu unatembea hapo mbele ya macho yako. Mwezi mzima vidole vyangu vilishindwa. Nilikuwa nafanya mazoezi nyumbani kwa kurasa za kalenda, mama yangu akiuliza kama nimerogwa.

Baada ya penseli, mchoro ulinakiliwa kwenye plastiki nyembamba inayopitisha mwanga na kupakwa rangi upande wa nyuma, mpakaji akiwa amevaa glavu nyeupe za kitambaa, kisha ukapigwa picha ya filamu mmoja mmoja. Vumbi la Machakos mnalijua. Tulikuwa tunamwagia sakafu maji kabla ya kupaka rangi, na mtu akipiga chafya anatoka nje.

Mwaka ule stima ilikuwa inakatwa mchana karibu kila siku. Meneja wa wakati huo akasema basi tungoje. Mzee hakungoja. Alienda kwa fundi kioo, akarudi na vioo vya kujitazama, akavilaza chini ya meza vikiwa vimeinamia dirisha. Jua likaingia, likapiga kioo, likapanda juu ya meza, na karatasi ikawaka kuliko ilivyowahi kuwaka kwa taa. Kuanzia saa tatu asubuhi hadi saa kumi tulikuwa tukisogeza meza kidogo kidogo tukilifuata jua, watu kumi na mmoja na mzee mmoja, kama mbuzi wanaofuata kivuli, ila sisi kinyume. Nimeona mambo mengi tangu hapo, lakini sijaona tena mtu akilivuta jua likamfanyia kazi.

Juu yake mwenyewe alisema machache, tena kwa Kiswahili alichojifunza akiwa mzee. Alianza kazi akiwa kijana wa miaka kumi na minane, kupaka rangi. Akapandishwa kuchora katikati, na mwalimu wake mwaka mzima hakumwambia neno. Mwalimu aliichukua michoro ya kijana, akaitazama, akaitupa kwenye pipa. Basi. Hakusema kosa ni lipi. Jioni wengine wakienda, kijana Shimoda alikuwa anaenda kwenye pipa, anatoa michoro yake iliyotupwa, na anatoa pia michoro ya mwalimu mwenyewe iliyotupwa, anaiweka pamoja juu ya taa na kuitazama mpaka aone. "Mimi nilisoma ndani ya pipa," alituambia. "Shule nzuri sana. Lakini harufu."

Filamu alizoongoza ni ngapi, hakusema. Tulimsumbua mpaka akaleta kipande kimoja, dakika mbili hivi, akakirusha ukutani kwa mashine ya sinema. Ilikuwa mvua. Hakuna mtu, hakuna hadithi, mvua tu ikianza juu ya paa la mabati, tone moja, tone lingine, kisha yote. Kila tone lilifika, likapasuka, likawa maji ya kuteremka. Ulikuwa mwaka wa ukame. Mvua ya msimu ilikuwa imetupita na mahindi ya nyumbani yalikuwa yamekauka yakiwa urefu wa goti. Tulikaa hapo tukitazama mvua. Mwishowe nikauliza nani alichora matone. "Mimi," akasema. "Miezi mitano." Nilimtazama mikono. Ilikuwa mikono ya kawaida, na hicho ndicho kilichonitisha.

Sasa nifike kwenye kosa lake, lile kubwa.

Filamu yetu ilikuwa ya bwawa la mchanga, ule ukuta wa kuzuia mchanga mtoni ili ushike maji, kama yale ya Mwala. Ilianza na mama anayeteremka mtoni kuchota maji kabla bwawa halijajengwa. Mzee alichora mto kwanza, mzuri, unang'aa. Tukamwambia mto wetu hauna maji juu, ni mchanga. Unafukua shimo, unakaa kando, unangoja maji yajae kidogo kidogo, unachota kwa kikombe. Mtu huyu alikuwa amechora maji miaka arobaini, na sasa anaambiwa achore maji ambayo hayapo. Alifurahi kama mtoto. Akaenda Mwala akakaa kando ya shimo siku nzima.

Lakini yule mama akipanda kutoka mtoni, alimchora na mtungi kichwani. Michoro ya wiki tatu. Akatuita tuone. Tukanyamaza, kwa heshima. Ni Syombua aliyeshindwa kuvumilia.

"Mzee, huyu mama ni wa wapi?"

"Machakos."

"Si wa hapa. Huyu ameshuka basi la Mombasa jana."

Watu wakaangua kicheko. Nikamweleza: sisi Wakamba maji tunabeba mgongoni, na mukwa, ule ukanda wa ngozi, unapita kwenye paji la uso ndio unashika mtungi. Ukimwekea mwanamke wa huku mtungi kichwani, wanawake wa Katangi, tutakakoionyesha, wataona ni hadithi ya watu wengine, na maji ya watu wengine.

Mzee akaikusanya michoro yote ya wiki tatu. Tulidhani atairarua. Akatoka akaenda sokoni, akarudi na sanduku la bati, lile la wanafunzi wa bweni, akaipanga humo kwa namba zake, na kwa rangi nyeupe akaandika juu ya kifuniko: MAKOSA. Chini yake, kwa herufi ndogo: Shimoda. Kisha akaketi kuanza upya. Aliongoza filamu kabla sijazaliwa, na alianza upya kabla chai haijapoa.

Tangu hapo kila mchoro ulioshindwa uliingia kwenye sanduku hilo, wake na wetu, na juu ya kila mmoja alichora kwa buluu jinsi ulivyotakiwa kuwa. Hatukuwa na kitabu. Kitabu kilikuwa hicho. Ukikwama, unanawa mikono, unafungua sanduku, unatafuta mtu aliyekwama hapo kabla yako.

Mimi nilipewa miguu ya yule mama akipanda. Nikachora miguu mizuri, nikajivuna. Mzee akaipindapinda kwa vidole, akasema, "Hajabeba kitu." Nikachora tena. "Hajabeba kitu." Mara ya nne nikakasirika.

"Mzee, mimi nimebeba maji tangu darasa la pili."

"Ndiyo. Mgongo yako anajua. Mkono yako hajui."

Siku iliyofuata alikuja na mukwa na mtungi wa lita ishirini, umejaa. Nilidhani ni wangu. Akautia mgongoni mwake mwenyewe, ukanda kwenye paji la uso, akaanza kupanda njia inayokuja kituoni kutoka chini. Watu wa soko wakatoka kutazama Mjapani amebeba maji. "Mzee, umeoa lini?" mmoja akamtania, "au bibi amekukimbia?" Hakujibu, hangeweza, shingo ilikuwa imemkaza. Alianguka mara moja, akakaa, akainuka. Alipofika juu uso wake ulikuwa wa kijivu. Akaniambia neno moja: "Shingo." Alipopata pumzi akasema, "Miguu si miguu. Miguu ni shingo."

Nilikuwa nimebeba maji miaka kumi na sikuwa nimeliona hilo. Mzigo ukining'inia kwenye paji la uso, shingo ndiyo inaamua mguu utakanyaga wapi. Kichwa hakiwezi kugeuka, kwa hiyo vidole vya mguu ndivyo vinatafuta njia, vinashika ardhi kwanza, ndipo kisigino kiachie. Kwa siku tatu Mzee hakuweza kugeuza kichwa. Akitaka kukutazama aligeuka mwili mzima, kama ng'ombe wa nira. Na kwa shingo hiyo aliketi akachora ule mguu wa buluu juu ya mguu wangu namba 47.

Kisha akauliza, "Kama mgongo ana mtungi, mtoto anakaa wapi?"

"Mbele," nikasema. "Kifuani."

Akaweka penseli chini. Akageuza mwili mzima kunitazama. Mimi wakati huo nilikuwa na mimba ya Mutheu, miezi saba, na mume alikuwa kwenye kiwanda Athi River akija mwisho wa mwezi. "Ndunge," akaniambia, "chora wewe. Mimi nitafuta."

Ndivyo ilivyokuwa. Nilichora michoro mia mbili na kitu, tumbo likigusa meza, na bwana mkubwa huyo alikaa kando yangu na kifutio, akipuliza vumbi la penseli. Sijawahi kuheshimiwa hivyo na mtu yeyote, mume wangu asome hapa pia.

Filamu ikapelekwa Nairobi kusafishwa, ikarudi. Tulienda kuionyesha Katangi, alasiri, kwenye jumba la kanisa, madirisha yamezibwa kwa mablanketi na shuka nyeupe imefungwa mbele. Nilikuwa nimemshika Mutheu, ana wiki chache. Yule mama akaanza kupanda kutoka mtoni, na nikasahau kwamba ni karatasi, na nikasahau kwamba ni mimi. Alikuwa anapumua. Nilijua kila mstari wake, na bado sikujua kama atafika.

Mstari wa mbele kulikuwa na susu mmoja, bibi kizee mwenye fimbo. Akasema kwa Kikamba, kwa sauti ya kugombeza, "Mmekaa tu? Mwenzenu anapanda na mtoto kifuani, na hakuna wa kumpokea?"

Huku kwetu mtu akija na mzigo hukai ukamtazama. Unainuka, unampokea. Watu wakacheka. Susu akainuka yeye, akaenda mpaka kwenye shuka, akanyoosha mikono yote miwili. Picha ya yule mama ikamwangukia kwenye kitambaa cha kichwa na mabegani. Kicheko kikaisha. Syombua alikuwa kwenye mashine, akataka kuizima, Mzee akamshika mkono. Mama wa kuchorwa akapanda, akapanda, akafika juu, akatoka pembeni ya shuka. Susu akabaki na mikono mitupu. Akachungulia nyuma ya shuka.

"Amepita," akatuambia, akarudi kukaa.

Mzee Shimoda alikuwa amevua kofia. Akaniinamia sikioni. "Sasa amebeba," akasema.

Tulitengeneza filamu nyingine baada ya hiyo, sita, na nilijifunza mengi, lakini kazi yangu yote naipima kutoka hapo. Miaka ikaenda. Mistari ya buluu ikaanza kutetemeka. Mwanzo alisema ni baridi ya Machakos, tukakubali, ingawa ilikuwa Februari. Siku aliyoaga kurudi kwao alinipa ufunguo wa stoo. Akaonyesha masanduku kumi na mawili ya michoro iliyo sawa, akasema, "Hii ni ya kupendeza." Akaweka mkono juu ya sanduku la kumi na tatu. "Hii ni ya kufundisha. Filamu itachakaa. Hii usiache ichakae."

Nilikuwa nyumbani na uzazi wa Mumo wakati meneja mpya alipobadilisha kufuli. Niliporudi ufunguo wangu haukufungua kitu. Nikauliza, nikaambiwa stoo iko salama. Mwezi uliopita nikapata kadi kutoka Japani, herufi kubwa, zimeyumba kama za mtoto wa nasari: Ndunge, hujambo. Mkono yangu sasa haichori. Sanduku bado inafundisha? Niliisoma nikafurahi, nikaiweka kwenye Biblia nitafute siku nzuri ya kujibu. Siku ile ya mandazi ndiyo nilijua jibu.

Nilipotoka kwa meneja nilipitia mlango wa stoo. Sanduku lenyewe lipo. Limejaa nyaya za kompyuta.

Nilienda nyumbani, nikamlaza Mumo, nikanawa mikono, nikaandika barua kwa bodi, nikaipeleka. Katibu wa bodi aliposoma mstari wa kwanza akaniambia, "Mama Mutheu, hili si jambo mnaweza kumaliza kwa mdomo?"

"Kwa mdomo nilishasema. Gonga muhuri."

Akagonga. Nakala ni hii, someni.

Kwa Mwenyekiti wa Bodi,
Kituo cha Filamu za Mafunzo, Machakos.

KUH: MALALAMISHI KUHUSU SANDUKU LA MAKOSA

Mimi ni Ndunge, niliyekuwa mchoraji wa katikati hapa kituoni. Nalalamika rasmi kwamba meneja ametoa michoro ya sanduku lililoandikwa MAKOSA ikafungiwe mandazi sokoni, na ameniambia mbele ya watoto wangu kwamba masanduku mengine kumi na mawili yatafuata mwisho wa mwezi.

Naomba mambo matatu. Masanduku kumi na mawili yasiguswe. Kufuli ifunguliwe mbele ya wachoraji wa zamani, tuhesabu kilichomo. Na nyaya zitoke kwenye sanduku la Mzee, zirudishwe karatasi kumi na tisa nilizookoa, na zozote ambazo watu wa soko watakubali kuturudishia. Kutafuta nitatafuta mwenyewe, nyumba kwa nyumba, nimezoea kutembea na mtoto.

Meneja ameuliza nani huweka makosa. Namjibu kwa maandishi. Mchoro ulio sawa ukipotea naweza kuuchora tena, nikipewa uliotangulia na unaofuata, hiyo ndiyo kazi niliyofunzwa. Lakini kosa langu siwezi kulichora tena. Nilishasahihishwa. Nikijaribu kuchora mguu wa mwanamke ambaye hajabeba kitu, mkono wangu unakataa. Na aliyekuwa na penseli ya buluu ameniandikia kwamba mkono wake hauchori. Kwa hiyo kila karatasi iliyoenda na mandazi ni mwalimu mmoja ameenda, na vijana mliowaajiri hawatajua hata kwamba alikuwako.

Mwalimu wangu ameniuliza kama sanduku bado linafundisha. Naomba bodi inipe jibu la kumwandikia. Nangoja kabla ya mwisho wa mwezi.

Karatasi namba 47 sijaiambatanisha. Iko kwangu. Mwanabodi anayetaka kuiona anakaribishwa nyumbani siku yoyote. Beseni na sabuni viko mlangoni.

Ndunge